Mungu Alinishusha Cheo, Nikapona

Bwana asifiwe, wapendwa! Na asifiwe tena, kwa sababu leo nimekuja kufuta ushuhuda wangu mwenyewe.

Wenye kumbukumbu mnajua. Miaka sita iliyopita nilisimama hapa hapa na gauni jipya la zambarau, nikasema Mungu amenitoa ukarani na kunifanya supavaisa wa masijala. Mlicheza mpaka vumbi likapanda! Kisha ninyi akina mama mkaja kwangu Obunga na soda na mkate, mkaniletea kitambaa cha kiti mlichofuma kwa mikono yenu, nyuzi nyeupe na katikati herufi nyekundu: SUPAVAISA. Nikakitandika kwenye kiti kikubwa. Mgeni asiyejua akikikalia, nilikuwa namwinua. Ndiyo, mimi huyu!

Ndugu zangu, ile barua ya cheo sikuipata kwa maombi. Niliipata kwa samaki. Kila Ijumaa nilipita Dunga ufukoni, nikachagua ngege wanono, nikampelekea mkubwa wangu wa kazi, mtu wa kwetu Katito. Interview ilipotangazwa wenzangu walienda, mimi sikukanyaga. Barua ikanifuata mezani. Aliyekuwa ameongoza kwenye interview ni Mama Atieno, mjane tuliyeanza naye kazi mwaka mmoja. Alinipa mkono, akasema, "Hongera, nyar Katito, binti wa kwao mkubwa," akarudi kwa mafaili yake. Sikuweza kumtazama machoni.

Nilikula huo mshahara miaka mitatu. Halafu wakaguzi wakaja. Sisi saba tuliopanda bila interview tukaandikiwa kwamba vyeo vyetu si halali, turudi tulikotoka, na nyongeza yote tuliyolipwa ikatwe kwenye mishahara yetu. Mwenye la kujitetea aandike ndani ya wiki mbili. Winnie wangu alikuwa kidato cha tatu, na baba yake nilishamzika.

Mkubwa akanipigia simu. "Mama Winnie, wewe andika tu ulifanya interview. Mimi nitasaini. Nani atajua?"

Na niliandika, ndugu zangu! Sitawaficha. Nikakaa kwenye kile kiti kikubwa niisome barua yangu mara ya mwisho, mgongo wangu ukagusa nyuzi zenu. Hapo Roho akanishika. Nikaona wazi kwamba nikisaini uongo huu, Mama Atieno atastaafu karani, na mimi nitaendelea kuinua wageni kwenye kiti chake. Nililia mpaka Winnie akatoka jikoni mbio.

"Mama, nani amekufa?"

Nikamwambia, "Supavaisa."

Nikachana ile karatasi. Nikaandika nyingine, mistari minne tu: sikufanya interview, nilipeleka samaki, nafasi ni ya Mama Atieno, nikateni.

Wakanikata! Semeni amina hata kwa hiyo! Walikata mpaka mshahara ukabaki wa kununulia chumvi. Nikarudishwa kwenye meza yangu ya zamani kando ya mlango wa choo. Na supavaisa mpya akawa nani? Mama Atieno.

Nilienda kwake kuomba msamaha. Nilimwambia nisamehe hata kabla ya kukaa. Akaweka kalamu chini.

"Ai yawa, Mama Winnie! Hasira nilikuwa nayo, sitakudanganya. Hata kwa maombi, jina lako nilikuwa naruka."

Akasukuma mafaili kando, akasimama.

"Lakini watu saba waliandikiwa barua," akasema, "na ni mmoja tu alisema ukweli. Kuja hapa."

Akanishika mkono kama mtoto, tukaenda mpaka ofisi ya mishahara. Aligombana na wale vijana huko mpaka wakakubali kunikata kidogo kidogo. "Huyu mama akizimia na njaa," aliwaambia, "mafaili yangu atapanga nani? Nyinyi?" Mungu wangu, nilicheka na machozi yakiwa yananitoka!

Jioni nikitoka kazini nilikaanga samaki kando ya barabara pale Obunga. Ngege wale wale wa Dunga! Walionipandisha kwa hila ndio walionilisha kwa haki, na Winnie amemaliza shule.

Wapendwa, mwezi huu payslip yangu imetoka safi, makato yamekwisha. Mshahara ni mdogo, wa karani, lakini ni wangu wote. Nina furaha mpaka naogopa! Simu ya ofisi ikilia sishtuki tena. Njia ya mwongo ni fupi, na mimi niliitembea mpaka mwisho wake nikaona ukuta.

Ndugu yangu unayekalia kiti cha mwenzako, na moyoni unajua, usiogope kushuka. Mwamini Yesu, useme ukweli. Mimi nilidhani nikianguka sitapata pa kushika, kumbe alikuwa ameshaniwekea mkono wa Mama Atieno.

Nimekuja naye leo. Mama Atieno, simama watu wakuone! Na ninyi akina mama, kitambaa chenu hiki hapa, nimekifua na kukipiga pasi. Sikufumua hata herufi moja. Mama Atieno, pokea, ni chako tangu siku kilipofumwa.

Sasa vile vigelegele vya mwaka ule, naomba mvipige tena. Safari hii vina mwenyewe.