Kikapu cha Mkono wa Shoto

Sikio halina pazia, na fundi cherehani aliyeketi kiti cha nyuma hakuona sababu ya kulishonea. Mbele yake ndani ya basi, mpiga picha mwenye mvi alikuwa akimhoji mama mmoja aliyepakata kikapu kama mtoto.

"Ulimrekodi bibi yako akisuka, kwa kamera ya mbele ya simu?"

"Ndiyo, ili naye ajione."

"Basi umeharibu, dada yangu! Kamera ile hugeuza mambo kama kioo. Kulia kwake kumekuwa kushoto. Na ukoo mzima umejifunza kwa filamu hiyo?"

"Mpaka wakwe!" Mama alicheka. "Tukasuka vikapu, mizunguko yote kinyume. Tukampelekea bibi, roho mkononi. Akashika kimoja, akapiga vigelegele mpaka majirani wakatoka. 'Hiki ni cha mama yangu!' Kumbe marehemu mama yake alikuwa mtu wa mkono wa shoto, na usukaji wake hakuna aliyewahi kuuweza. Bibi alidhani umezikwa naye."

"Hata hivyo ni makosa," mpiga picha alishikilia. "Filamu ya urithi lazima iwe sahihi. Igeuze."

"Sigeuzi ng'o! Inaonyeshwa Jumamosi ukumbini, na bibi ameshachagua gauni."

Basi lilisimama, ubishi ungali wa moto. Fundi cherehani, aliyechapwa utoto wake wote ili auache mkono wa shoto, alishuka kifua mbele, akaligeukia dirisha lao na kuwapungia wote wawili. Kwa mkono huohuo.