Kiti Hakikukatwa: Maisha ya Anselme Ukumu, Mtengenezaji wa Sinema za Kuchekesha

Tunayemzika leo alizaliwa Mahagi tarehe 21 Aprili 1941, siku ya Mtakatifu Anselme, ndipo akapewa jina hilo. Mwaka 1972 majina ya ubatizo yalipokatazwa, kwenye karatasi aliandika Ukumu peke yake. Nyumbani kwa mama yake aliitika Anselme, na leo msalaba wake una majina yote mawili.

Alisoma hukohuko Mahagi hadi 1955, akila adhabu kila wiki kwa kuiga mwendo wa walimu. Kisha akawa fundi wa mashine kwenye machimbo ya Bambu, na huko Mzungu mmoja aliyekuwa anarudi kwao alimwachia kamera na mashine ya kuonyeshea.

Tarehe 14 Septemba 1968 alimwoa Pétronille, wakahamia Saio, mtaa wa Bunia. Mwaka 1974 alianza kutengeneza sinema zake mwenyewe, bila kampuni wala bwana mkubwa. Kamera haikushika sauti. Basi alitundika shuka la arusi ukutani, akasimama kando, akasema sauti za wote: shefu, mama mkwe, hata mbuzi.

“Hii drap iko ya mama yangu,” Pétronille alimwonya. “Ukiunguza, utalala chini.”

Mwaka 1979 alitoa sinema ya salongo, ile kazi ya lazima ya Jumamosi. Shefu anasimamia watu akiwa ameketi. Jua likimfikia, wanaacha kufyeka ili wambebe na kiti chake hadi kivulini. Bunia nzima iliitazama, ikacheka mpaka mbavu zikauma. Kiongozi mmoja wa mtaa akajiona humo, akamjia.

“Muzee Anselme, kata kiti. Ingine yote ibakie.”

“Nikikata kiti, shefu ataikala wapi?”

Filamu ilinyakuliwa, haikurudi tena. Jumapili iliyofuata Anselme alitundika shuka, akawasha mashine tupu, akasema sauti zote mwanzo hadi mwisho. Watu walicheka palepale walipozoea kucheka. Alipoitwa ofisini kwa kiongozi na kuulizwa alionyesha nini, alijibu, “Drap. Iko nyeupe, mukuje muone.” Wakakosa la kuandika, wakamwachia.

Alikuwa mbishi, hatufichi. Ubishi wake ulitutia hofu, na tuliupenda.

Mwaka 1986 aliugua koo. Hospitalini Nyankunde walimtibu kwa moyo wote, lakini sauti ilikwenda. Pétronille ndiye aliyesimama kando ya shuka tangu hapo, na mumewe alitikisa kichwa kila alipokosea sauti ya mbuzi. Anselme alifariki nyumbani Saio, alfajiri ya Alhamisi, tarehe 9 Juni 1988.

Ameacha mjane, watoto wake Firmin na Claudine, dada yake Lucienne, na wajukuu.

Jana mjumbe wa yule kiongozi alifika matangani kutuomba habari ya kiti isisomwe. Pétronille alimjibu, “Yeye hakukata. Siye pia hatutakata.” Nanyi mmeisikia yote.

Anselme, pumzika kwa amani. Jioni hii shuka litatundikwa uani, Pétronille atasema sauti zote. Kila mtu aje na kiti chake.