Nafasi ya Karibu na Ukuta

Hebu tulia kidogo, ulione benchi hili akilini. Ni ubao mmoja mrefu juu ya mawe, mbele ya duka la Gedi mjini Meru, mwaka wa 1957, wakati wa Hali ya Hatari iliyotangazwa na wakoloni. Gedi, Msomali mwenye ndevu za hina, anamimina kahawa ya tangawizi. Wateja wake wa kila siku ni wawili: Bama, aliyeitwa hivyo kwa sababu alipigana vita Burma, na Mizani, anayepima kahawa mbichi ya wakulima kiwandani. Kando yao Jedidah anauza viazi vitamu. Sasa angalia mwisho wa benchi, karibu na ukuta. Pana nafasi ya mtu mmoja, na hakuna anayeikalia. Ilikuwa ya mume wa Jedidah, mpaka alipochukuliwa na kupelekwa kizuizini. Tangu siku hiyo jina lake halijatajwa mbele ya watu. Kuna mama aliyeita jina la mwanawe aliyezuiliwa karibu na kituo cha homugadi, askari wa kienyeji wa serikali. Alinyang'anywa pasi ya kukaa mjini, akafukuzwa. Basi watu wa benchi husema tu "msafiri".

Asubuhi hii wanamjadili Wakili Kithinji, mjumbe wao katika Baraza la Kutunga Sheria kule Nairobi, ambalo wenyewe huliita Legiko.

BAMA: Alirudi juzi. Na habari za msafiri wetu hajaleta.

MIZANI: Ana kazi nyingi. Kahawa yake imeiva.

BAMA: Mtu amesoma sheria ng'ambo, amevaa koti jeusi kortini, halafu anaacha yote anakuja kushika jembe. Huyo wewe unamwamini?

MIZANI: Aliacha kwa sababu ya yule kijana wa Embu. Alimtetea, na bado akanyongwa. Wiki iliyofuata tulimwona shambani akichimba mashimo ya miche, na shati jeupe la korti bado mwilini.

GEDI: Mimi niliambiwa jaji ndiye alimfukuza.

BAMA: Nyinyi hamjui kitu. Yale mashimo hayakuwa ya miche. Alizika vitabu vya sheria, kila shimo kitabu. Ndiyo maana kahawa yake inazaa namna ile.

MIZANI: Mimi ndiye naipima, Bama. Haina harufu ya kitabu.

GEDI: Na kura ulimpigia?

BAMA: Kwa cheti gani cha uaminifu? Bila hicho hupigi kura. Nimempigania mfalme Burma, leo ati nithibitishe kama mimi ni mwaminifu. Niliwaambia wakamuulize Mjapani.

Mizani akacheka kahawa ikampalia. Bama akangoja atulie, kisha akainama kama mtu mwenye siri.

BAMA: Sikilizeni. Huko Legiko kuna kiti cha ngozi. Mwafrika akikikalia anasahau kwao. Akisimama anakumbuka, lakini hasimami mpaka aitwe.

GEDI: Nani amekwambia?

BAMA: Mtu anayekipangusa vumbi.

GEDI: Na yeye hajawahi kukikalia?

BAMA: Alikikalia. Ndiyo maana hakunieleza vizuri.

JEDIDAH: Mnacheka, wazee wangu. Jana mwanangu Karimi aliniuliza baba yake ana uso wa namna gani.

Bama akaweka kikombe chini.

BAMA: Mama Karimi, si kicheko. Ni mdomo tu unatafuta kazi.

Hapo akaja mtu kutoka upande wa soko, buti zake zikiwa na udongo mwekundu hadi kwenye vifundo. Akaomba kahawa, akaketi karibu na ukuta. Mkono wa Gedi ulisimama hewani na birika. Alikuwa Kithinji mwenyewe.

KITHINJI: Hamjambo, wazee. Mbona mnanitazama hivyo? Nafasi hii ni ya nani?

Ng'ambo ya barabara homugadi wawili walikuwa wameegemea lango la soko, bunduki mabegani. Bama alitazama kikombe chake.

BAMA: Ya msafiri.

KITHINJI: Msafiri gani?

Mizani akatupia jicho lango la soko.

KITHINJI: Nilisimama Legiko nikauliza habari za watu wetu. Nikaambiwa, lete jina la mtu, na jamaa yake anayemtafuta. Nimetoka Kangeta, nyumba kwa nyumba, na kila nyumba naambiwa msafiri. Nitamuuliziaje mtu asiye na jina? Yule kijana wa Embu, kortini walimwita kwa namba. Mimi pia nikazoea. Nilipokuja kumwita kwa jina lake, hukumu ilikuwa imeshasomwa.

MIZANI: Pita kiwandani jioni, Wakili. Nitakunong'oneza.

KITHINJI: Wewe ni jamaa yake?

Mizani akatikisa kichwa. Gedi akainamisha birika juu ya kikombe cha mgeni. Halikutoa hata tone. Hakuna aliyemwambia apike nyingine.

Jedidah alikiweka chini kiazi alichokuwa ameshika. Akajifuta mikono kwa leso, akasimama. Sauti yake haikuwa kubwa, lakini hakunong'ona.

JEDIDAH: Ni ya Mukiri. Mukiri mwana wa M'Arimi, wa Kangeta, baba Karimi. Mimi Jedidah ni mke wake, na ndiye ninayemtafuta.

Homugadi mmoja aligeuza kichwa, akamgusa mwenzake. Wakaanza kuvuka barabara.

Bama aliinuka, magoti yakilia, akaenda kusimama kando ya Jedidah.

BAMA: Mukiri M'Arimi. Alikuwa akikaa pale.

GEDI: Mukiri. Alipenda tangawizi nyingi.

Mizani naye alilitaja jina hilo. Kithinji akainuka, akapangusa kwa kiganja udongo alioacha kwenye ubao, akaenda kuketi juu ya jiwe.

Pasi ya Jedidah ilichukuliwa asubuhi ile ile. Kithinji alipanda basi la Nairobi siku iliyofuata, akiwa na jina la Mukiri na la mkewe.

Habari za kiti cha ngozi na vitabu vilivyozikwa unaweza kuzisahau. Bama mwenyewe alizisahau. Lakini ukipita pale kwa Gedi, ukaiona nafasi ile karibu na ukuta, nakuomba ukumbuke kwamba ni ya Mukiri.