Hajra Msabaha na Betri za Zahanati ya Kitongani

Assalaam alaykum. Huu ni wasifu wa marehemu Hajra Msabaha Bwanausi, unaosomwa leo Jumatano, tarehe 30 Aprili 2025, makaburini Kitongani, kabla ya maziko. Anayeusoma ni kaka yake mkubwa, Husseni, mwenyekiti wa kijiji hiki. Kwa desturi ya wasifu atajitaja kwa jina, kana kwamba anamzungumzia mtu mwingine. Laiti angekuwa mtu mwingine.

Marehemu alizaliwa hapa Kitongani tarehe 3 Juni 1988, mtoto wa tatu na kitinda mimba wa mzee Msabaha Bwanausi, ambaye ametangulia mbele ya haki, na Bi Fatu Hamidu, ambaye tunaye. Alisoma shule ya msingi papa hapa kuanzia mwaka 1996 hadi 2002, kisha sekondari Bagamoyo mjini hadi 2006. Mwaka 2008 alikwenda Dar es Salaam kusomea ufundi umeme. Darasani walikuwa wanaume kumi na tisa na yeye peke yake. Siku ya kwanza mwalimu alimuuliza kama hakukosea mlango, maana ushonaji ulikuwa chumba cha pili. Mwisho wa mwaka huyo huyo mwalimu alimkabidhi cheti cha mwanafunzi bora.

Kuanzia 2010 alifanya kazi Bagamoyo kwenye duka la vifaa vya umeme wa jua la Bwana Rajesh, aliyefika leo na mkewe Leela, na tunawashukuru. Mwaka 2017 alirudi nyumbani. Wengi tulimcheka. Tulisema nguzo za umeme zimeshafika, huyu na vioo vyake atamuuzia nani? Nguzo zilifika kweli. Nyaya hadi leo bado, na nyumba sitini na moja za kijiji hiki zinawaka kwa mkono wa Hajra.

Hakuwa fundi wa kufunga taa akaondoka. Alifuata watu majikoni akawafundisha kuloweka maharage tangu usiku ili kuni zipungue, na kufunika sufuria. Hakuvumilia taa inayowaka bure. Katika maulidi ya mwaka juzi, ukumbi wa akina mama ulikuwa na taa sita. Yeye akapita akizima moja moja. Mama yake alipiga kelele, "We Hajra! Mtume tunamswalia gizani?" Akajibu, "Mama, moja inatosha. Hizo nyingine zinamswalia nani?" Akina mama walicheka mpaka kasida ikakatika.

Tarehe 15 Agosti 2014 alifunga ndoa na Bwana Najim, mvuvi, wakajaaliwa binti mmoja, Adila, ambaye sasa ana miaka tisa. Waliishi kwa masikilizano. Najim anasema hawakuwahi kulala wamenuniana, na Husseni, aliyekuwa jirani yao, anashuhudia.

Mwishoni mwa 2022 marehemu alifunga umeme wa jua kwenye zahanati yetu: paneli, betri nne na friji la dawa. Friji alilihamisha kwa mikono yake kutoka ukuta wa magharibi, unaopigwa na jua la jioni, akaliweka kwenye kivuli ili lisile umeme mwingi. Kwa miaka miwili dawa za chanjo na za wazazi hazikuharibika hata siku moja.

Sasa ndugu waliohudhuria, kamati ya mazishi iliandika hapa kwamba marehemu aliugua ghafla. Husseni amelifuta neno hilo, kwa sababu si kweli.

Ijumaa tarehe 7 Februari mwaka huu Husseni alimwoza binti yake Samia. Sote tunajua siku ya shughuli hakuna mwenye chake. Majamvi huazimwa, masufuria huazimwa, na anayekataa huitwa mchoyo mpaka kufa. Husseni aliazima betri za zahanati, na kwa kuwa ufunguo anao yeye, alijiazima mwenyewe. Dawa ziliwekwa kwenye boksi la barafu. Hajra siku hizo alikuwa Kiwangwa, anafunga taa kwa wakulima wa mananasi.

Muziki ulipigwa siku mbili. Kifaa kinachokata umeme betri zikishuka kilikata mara mbili, na mara ya pili bibi harusi alikuwa ndiyo anaingia. Husseni aliona haya mbele ya wakwe. Akaamuru kitolewe, nyaya zifungwe moja kwa moja. Muziki haukukatika tena.

Betri zilirudishwa Jumapili, zimepanguswa vizuri, na juu yake sahani ya biriani imefunikwa kawa, maana tumelelewa kwamba chombo cha watu hakirudishwi kitupu. Hajra aliporudi alizipima, akaiweka ile sahani chini.

"Kaka, mmezinyonya mpaka mwisho. Hizi hazitashika tena."

"Si zitachaji kesho jua likitoka?"

"Mchana zitakudanganya. Jua likizama, friji linazima."

Tarehe 11 Februari aliandika ripoti ya kuomba betri mpya halmashauri. Palipotakiwa sababu aliandika ukweli: zilitumika harusini, kifaa cha kinga kikaondolewa. Ripoti ilihitaji muhuri wa mwenyekiti. Husseni alimwambia aandike zimechakaa. Hajra akakataa, akasema betri za miaka miwili hazichakai, wataalamu watajua, na uongo utachelewesha zaidi. Husseni akaitia ripoti kwenye mtoto wa meza, akasema harusi ipoe kwanza. Hajra akaipeleka nakala mwenyewe Bagamoyo. Ikarudishwa kwa kukosa muhuri.

Alikuja mara nne. Mara ya mwisho tumbo lilikuwa la miezi minane, akakaa kizingitini akihema. "Kaka, mficha uchi hazai. Gonga muhuri, aibu itapita." Husseni alimwambia asubiri Idi ipite. Idi ikapita. Ripoti ilikaa wiki kumi na moja.

Marehemu alipanga kwenda Bagamoyo Jumamosi ijayo kusubiri kujifungua. Uchungu ukawahi. Jana Jumanne, tarehe 29 Aprili, saa nne asubuhi alijifungua salama mtoto wa kiume katika zahanati yetu, kisha damu ikakataa kukatika. Muuguzi Ummy alimchoma sindano ya kuzuia damu, akamchoma ya pili. Hakuona nafuu. Gari la kumkimbiza Bagamoyo lilikwama kwenye tope la masika kabla ya kufika Makurunge, na hapo, saa nane na dakika arobaini mchana, Hajra alifariki mikononi mwa mumewe.

Dada Ummy ameiambia familia kwamba dawa ile ilishinda baridi na kulala joto tangu Februari, joto likaimaliza nguvu, na alikwishaomba nyingine, barabara ikaziba. Wapo watakaosema hata dawa nzima pengine isingemwokoa. Husseni amelitafuta kimbilio hilo tangu jana, hakulipata. Watu wanaompa mkono wanamwambia kazi ya Mungu haina makosa. Ni kweli. Lakini ripoti haikuwa mezani kwa Mungu.

Marehemu ameacha mama mzazi, Bi Fatu, mume, Najim, binti, Adila, mtoto mchanga ambaye bado hajapewa jina, dada mmoja, Najma, na kaka mmoja.

Kwa desturi yetu, kaka ndiye hushuka kaburini kumpokea dada yake. Asubuhi hii Husseni alikunja kanzu ili ashuke. Najim alimshika mkono, hakupaza sauti. Alisema, "Shemeji, wewe utasoma. Kumpokea, tutampokea sisi." Husseni alimtazama mama yake. Bi Fatu aliinamisha kichwa, akasema, "Kasome, mwanangu."

Mwenyezi Mungu amghufirie Hajra, amfanyie wasaa kaburi lake, na ampe raha ambayo sisi tulimnyima. Wasifu umekwisha. Wanaoshuka, washuke.