Nani Ameona? Maisha ya Anatoli Mabula, Mtangazaji wa Machimbo

Tumsifu Yesu Kristo. Mimi ni Donatus, mdogo wa marehemu.

Kaka yetu Anatoli Mabula alizaliwa Ushirombo tarehe 4 Juni 1919, mtoto wa kwanza wa mzee Mabula na mama yetu Limi. Alisoma shule ya misheni hadi darasa la nne, akawachosha walimu kwa swali moja. Akiambiwa fisi ameingia zizini, yeye huuliza, "Nani ameona?"

Mwaka 1946 aliajiriwa kuwa mtangazaji katika machimbo ya dhahabu karibu na Nyarugusu. Kila asubuhi alipanda juu ya pipa na bomba lake la bati la kupazia sauti, akatangaza zamu, misiba na siku ya posho. Hakutangaza neno kabla ya kuuliza nani ameona. Jioni alipita kambini kukusanya maswali ya wachimbaji, akayapeleka ofisini. Hivyo jina lake likavuma. Hata sokoni Ushirombo walimwita Nani Ameona, na akishasema yeye, ubishi umekwisha.

Mwaka 1948 alimwoa Generoza. Siku ya posa, binti aliposifiwa kuwa hodari wa kulima, ulimi ulimteleza akauliza swali lake. Mama mkwe akajibu, "Na jembe lako, mkwe, nani ameliona?" Tulicheka mpaka machozi.

Hakuugua. Alhamisi tarehe 14 Machi 1957, baada ya mvua kubwa, wachimbaji waligoma kushuka. Msimamizi akamtaka atangaze kuwa matimba, yale magogo yanayozuia shimo lisiporomoke, ni imara. Kaka akauliza nani ameona.

"Kazi yako kusema, siyo kuuliza," akajibiwa. "Wewe wanakuamini."

Kwa sababu wanamwamini, alikataa. Aliweka bomba chini, akachukua taa, akashuka kuangalia mwenyewe. Shimo likamfukia. Alitolewa kesho yake.

Ameacha mama, mjane, watoto watatu, mimi mdogo wake, na wachimbaji wa zamu ile, ambao wamesimama hapa wakiwa hai.

Jana ilitangazwa, kwa bomba lake lile lile, kwamba alifariki papo hapo bila kuteseka. Mama, shemeji Generoza, mnisamehe. Inaniuma kulisema hili mbele yenu. Lakini kaka angeuliza, nani ameona?

Mimi nimeona. Niliuosha mwili wake. Kucha zote zilikuwa zimevunjika, zimejaa udongo.

Bwana aipumzishe mikono yake.