Mkunga na Mbwa wa Uso Bapa

Nilidhani ni gurudumu la treni linalokwaruza, kumbe ni mbwa wa uso bapa aliyepakatwa na mfugaji mbele yangu, anakoroma macho wazi. Mkunga mstaafu aliyekaa kando yao alishindwa kuvumilia.

"Mwanangu, huyu anaumwa?"

"Hapana, mama, ana mimba. Atazaa kwa kupasuliwa. Vichwa vya watoto havipiti."

"Na dume lake?"

"Halimudu kumpanda, pumzi hulikatikia. Daktari wa mifugo ndiye hupandikiza mbegu kwa mrija."

Mkunga alivua miwani. "Basi mtafutie dume lenye pua, watoto wapate pa kupumulia."

"Wenye pua nani atawanunua, mama? Wateja wanataka uso kama sahani. Kizuri hakikosi kasoro."

"Kasoro ni doa sikioni, si kukosa pumzi! Kupandana hawawezi, kuzaa hawawezi, kupumua ni kwa mbinde. Sasa wenyewe wanaweza nini?"

Mfugaji alifikiri mpaka breki zikaanza kulia.

"Wanapendeza," akasema.

Treni ikasimama. Akashuka amembeba mbwa kifuani, na mbwa akawa anahema kama yeye ndiye aliyembeba mfugaji.