Mzee Machogu na Matoazi ya Mvua ya Mawe

Ijumaa, tarehe 31 Oktoba 2025, Mzee Machogu Onyiego atastaafu baada ya miaka thelathini na mmoja kama fundi wa sauti katika Studio ya Vilima, mjini Kisii. Hakupanga kuondoka mwaka huu. Masikio yamemwondoa.

Alianza mwaka 1994, enzi za kanda. Kazi yake kubwa ilikuwa kwaya za Wasabato, zinazoimba bila ngoma. Kwaya ya kwanza kutoka Nyaramba aliisimamisha katikati ya ubeti, akamwomba mwimbaji mmoja avue viatu kwa sababu soli moja ilikuwa ikilia. Mwimbaji huyo, Drusilla, alinuna siku nzima. Baadaye akaolewa naye.

Machi mwaka jana walikuja vijana wanne kutoka Nyacheki, wapiga roki ya panki, muziki wa kasi na makelele, waliojiita Mvua ya Mawe. Walitaka rekodi fupi ya nyimbo nne kuhusu majani chai ya wazazi wao na mvua iliyoyararua. Hakuna wimbo uliofika dakika mbili. Mzee alisema kwaya zake hukohoa kwa muda mrefu zaidi kabla ya kuanza. Vijana walimpenda, wakamwita sokoro, yaani babu.

Alipokaa kwenye meza ya kuchanganyia sauti, aliipandisha sauti ya matoazi, yale masahani ya shaba ya ngoma. Akasikiliza, akapandisha tena. Sauti ya mwimbaji wao, Ashley, ikazama. Vijana waliziba masikio huku wakicheka. Walidhani mzee ameielewa panki kuliko wao. Mwishowe Purity, mpiga ngoma, akasema, "Sokoro, punguza hayo matoazi, yananikata masikio."

Mzee akauliza, "Matoazi yapi?"

Wakazidi kucheka. Yeye hakucheka. Alimwomba Purity arudi chumba cha ngoma agonge toazi peke yake. Aliitazama fimbo ikishuka, akangoja, akamwomba agonge tena. Hapo kicheko kikaisha.

Hospitalini aliambiwa kwamba sauti nyembamba zilimtoka miaka mingi iliyopita na hazitarudi, na kwamba nzito nazo zitafuata. Sisi wenzake studioni tulipozisikiliza upya rekodi za kwaya za karibuni, kila "s" ilipiga mluzi. Viongozi wa kwaya walikuwa wameusikia. Kwa heshima hawakumwambia. Walihamia kwingine kimyakimya, nasi tukalaumu soko.

Mzee alitaka kuirekebisha rekodi ya Mvua ya Mawe, lakini hakuwa tena na masikio ya kuirekebisha. Ilitoka ilivyokuwa. Redio hazikuipiga. Kundi lilivunjika, na Ashley sasa anafanya kazi za nyumbani Saudia. Hiyo ndiyo rekodi ya mwisho yenye jina la Mzee, na studio haitafuti fundi mwingine.

Siku hizi anasikia watu wakiongea lakini hapati maneno. Kwa ombi lake, sherehe ya kumuaga haitakuwa na hotuba wala wimbo. Tafadhali usimpigie kelele sikioni. Kelele humuumiza, na neno halimfikii. Mpe mkono, umtazame usoni.

Mzee, ndiyo maana haya tumekuchapishia. Asante kwa kazi, na kwa vicheko. Watu humtakia mstaafu maisha ya utulivu, lakini utulivu unao tayari, tena umezidi. Sisi tunakutakia wageni wengi, wenye subira ya kuketi nawe na kukuandikia wanachotaka kusema.